Cheti Kinapokataliwa: Haki na Wajibu katika Kutambuliana Shahada

Mada iliyotolewa katika semina za Musoma, Bunda na Butiama



Mada hii tuliitoa kwanza Musoma mjini, kisha Bunda, na leo tunaimalizia hapa Butiama. Kila tulikopita tumeulizwa swali lile lile: Tume ya Haki na Amani ina shughuli gani na mambo ya vyuo vikuu? Mmezoea kutusikia tukisema juu ya mipaka ya mashamba, wizi wa mifugo, mirathi ya wajane na ukeketaji wa mabinti zetu. Leo tunakuja na habari za shahada, vyeti na ithibati. Je, hayo si mambo ya wasomi?

Jibu letu ni kwamba shahada ya mtoto wa mkulima ni mali ya ukoo mzima. Ndani ya karatasi ile kuna ng'ombe waliouzwa, pamba ya misimu mitatu, dagaa waliokaushwa na mama pale Mwigobero, na michango ya wajomba na mashangazi. Karatasi hiyo ikikataliwa, hasara haimwangukii kijana peke yake. Na kama imekataliwa bila sababu kuelezwa, au kijana amedanganywa tangu mwanzo, basi hapo pana jambo la haki, nasi hatuna budi kulisemea.

1. Jambo lililotufungua macho

Tunaanza na kisa kimoja tulichokishughulikia wenyewe. Hatutataja jina la binti, wala la chuo chochote kilichohusika, kwa kuwa nia yetu si kumwaibisha mtu.

Binti huyu ni wa upande wa Bunda. Baba yake ni mkulima wa pamba. Alipomaliza kidato cha sita alipata alama za kutosha, lakini hakupata mkopo wa masomo. Siku moja akaja mtu aliyejitambulisha kuwa wakala wa chuo kikuu cha nchi jirani. Akasema ada ni nafuu, masomo ni ya miaka mitatu, na shahada yake inatambulika Afrika Mashariki yote. Baba akauza ng'ombe watatu. Binti akavuka mpaka pale Sirari, akasoma ualimu miaka mitatu, akahitimu, akarudi nyumbani kwa shangwe.

Aliporudi aliomba kuendelea na shahada ya pili katika chuo kikuu kimoja cha hapa nchini. Akajibiwa kwa barua ya mistari miwili: maombi yake hayakukidhi vigezo. Hakuelezwa ni vigezo gani. Binti aliifungia barua ile sandukuni. Aliogopa kumwonyesha baba yake. Akaendelea kutumaini kwamba labda mwaka ujao mambo yatakuwa mengine. Alipokuja kwetu ulikuwa umekwisha kupita mwezi wa nane.

Tulipofuatilia, ukweli ulijitokeza polepole. Chuo kikuu kile cha nchi jirani kilikuwa halali, tena chenye kibali cha serikali ya nchi yake. Tatizo lilikuwa tawi. Binti alisomea katika tawi lililofunguliwa katika mji mdogo, na tawi hilo halikuwa limepewa kibali na mamlaka ya elimu ya nchi ile. Shahada ilikuwa na muhuri wa chuo halali, lakini masomo yalifanyika mahali pasipotambulika.

Hapo tunapenda mtuelewe vizuri. Waliomkataa huenda walikuwa na sababu ya kweli. Kosa lao ni kutoiandika. Kama barua ile ya kwanza ingesema, "Tawi ulilosomea halina kibali," binti angejua siku ile ile mlango wa kubisha. Badala yake alipoteza miezi minane akijilaumu kwamba hana akili.

2. Milango minne isiyofanana

Katika kushughulikia kisa hiki tumejifunza kwamba watu wengi, hata wasomi, huchanganya mambo manne. Kila shahada ina milango minne ya kupita, na kila mlango una mlinzi wake.

Mlango wa kwanza ni chuo kinachotoa shahada. Hicho hufundisha, hutahini na kutunuku.

Mlango wa pili ni mamlaka ya nchi. Kwetu ni Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania, iliyoundwa kwa Sheria ya Vyuo Vikuu Namba 7 ya mwaka 2005. Kabla yake lilikuwapo Baraza la Ithibati la elimu ya juu, lililotokana na marekebisho ya Sheria ya Elimu ya mwaka 1995. Kwa vyuo vya ufundi na vya kati kulianzishwa baraza lake kwa Sheria Namba 9 ya mwaka 1997. Tume ya Vyuo Vikuu ndiyo inayovipa vyuo vikuu ithibati, na ndiyo inayochunguza na kutambua shahada zilizotolewa nje ya nchi.

Mlango wa tatu ni chuo kingine, yaani pale mwenye shahada anapotaka kuendelea na masomo au kuhamishia masomo yake. Hapa wengi hushangaa. Tume ikikwisha kuitambua shahada, chuo hakilazimiki kumpokea kila aliye nayo. Kila chuo kina uhuru wa kuweka sifa zake. Lakini uhuru huo si ruhusa ya kukataa kwa upendeleo, kwa chuki ya taifa, au kwa ukimya.

Mlango wa nne ni bodi ya taaluma au mwajiri: bodi ya wahandisi, baraza la madaktari, mamlaka ya mawakili. Mtu anaweza kuwa na shahada inayotambulika vyuoni, na bado akaambiwa hana sifa za kusajiliwa katika kazi yenyewe.

Mashauri mengi yanayofika mahakamani huzaliwa pale ambapo mlinzi wa mlango mmoja anataka kulinda na mlango wa mwenzake.

3. Tulikotoka

Ndugu zetu, jambo hili si geni katika historia ya Kanisa. Mwaka 1233 Papa Gregori wa Tisa alikiandikia chuo kikuu cha Toulouse, katika Ufaransa, kwamba mwalimu aliyepasishwa pale ataweza kufundisha mahali popote bila kutahiniwa tena. Mwaka 1291 na 1292 Papa Nikolao wa Nne aliwapa haki hiyo hiyo walimu wa Bologna na wa Paris. Makusudi yalikuwa mema: aliyepimwa kwa haki mara moja asipimwe tena kwa wivu. Hata hivyo, amri ya Papa haikutosha kuushinda moyo wa binadamu. Katika karne ya 14 Paris na Oxford walikuwa wakikataliana walimu, kila mmoja akidai kuwa mwenzake ndiye aliyeanza.

Na sisi wa Afrika Mashariki tumeonja machungu hayo. Madaktari wa kwanza waliosomeshwa Makerere walihesabiwa na serikali ya kikoloni kuwa wasaidizi tu. Walipasua, walizalisha na kutibu kama wenzao wa Kizungu, lakini cheo na mshahara havikulingana, kwa kuwa cheti chao kilikuwa hakijatambuliwa Uingereza. Utambuzi huo ulikuja katika miaka ya 1950, baada ya wengi wao kuwa wamekwisha kutumikia muda mrefu.

Hapa Butiama tunaweza kumtazama Mwalimu Nyerere mwenyewe. Alianza shule ya Mwisenge, Musoma, mwaka 1934. Akapitia Tabora, na kutoka mwaka 1943 hadi 1945 akasoma Makerere, akatoka na stashahada ya ualimu. Makerere ya wakati ule ilikuwa haijaanza kutoa shahada. Ilimbidi kwenda Edinburgh mwaka 1949, akarudi na shahada mwaka 1952. Kijana wa Kizanaki mwenye akili nyingi kiasi kile alilazimika kuvuka bahari ili apate karatasi ambayo watawala wangeiheshimu.

Labda ndiyo maana viongozi wa uhuru walijitahidi kuanza na umoja. Chuo cha Dar es Salaam kilipofunguliwa mwaka 1961 kikiwa na wanafunzi wa sheria wasiofika kumi na watano, kilikuwa chini ya Chuo Kikuu cha London. Mwaka 1963 Makerere, Nairobi na Dar es Salaam viliungana kuwa Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki, na Mwalimu akawa Mkuu wake. Kijana wa Mara aliyetaka udaktari alikwenda Makerere. Aliyetaka uhandisi alikwenda Nairobi. Mkenya au Mganda aliyetaka sheria alikuja Dar es Salaam. Hakuna aliyemwuliza mwenzake, "Shahada yako inatambulika?" Ilikuwa shahada moja ya chuo kimoja.

Umoja huo ulikoma mwaka 1970, kila nchi ikachukua chuo chake. Leo, baada ya zaidi ya nusu karne, tunakusanya tena vipande tulivyovitawanya wenyewe. Itifaki ya Soko la Pamoja la Afrika Mashariki, iliyotiwa sahihi mwaka 2009 na kuanza kutumika tarehe 1 Julai 2010, inazitaka nchi wanachama, katika ibara yake ya 11, kutambuliana vyeti vya elimu na vya taaluma. Wahandisi wa Kenya, Uganda na Tanzania walifikia mapatano yao mwaka 2012. Tarehe 20 Mei 2017 wakuu wa nchi, wakikutana Dar es Salaam, waliitangaza Jumuiya kuwa eneo moja la elimu ya juu. Maneno ni mazuri. Lakini binti wa Bunda hakuyaona katika barua ya mistari miwili.

4. Mashauri ya wengine yanatufundisha nini

Tutazame mashauri machache, ili tuone jinsi mahakama zilivyoamua.

Shauri la kwanza ni la Ujerumani. Mwanamke mmoja Mgiriki, aliyekuwa wakili kwao, aliomba kusajiliwa kuwa wakili nchini Ujerumani. Alikataliwa kwa sababu hakufaulu mitihani ya Kijerumani. Mwaka 1991 Mahakama ya Haki ya Ulaya ilisema kwamba haitoshi kumwambia mtu hana cheti chetu. Wenye mamlaka wanapaswa kulinganisha elimu aliyo nayo na ile inayotakiwa. Vikilingana, wamkubali. Vikilingana nusu, wanaweza kumtaka athibitishe kuwa ameipata ile nusu inayopungua. Na uamuzi wao lazima uwe na sababu zinazoelezwa, uweze na kukatiwa rufaa mahakamani.

Shauri la pili ni la Italia, nalo linafanana sana na kisa chetu cha tawi. Mwanafunzi mmoja alijiandikisha kusoma shahada ya chuo kikuu cha Uingereza, lakini masomo yenyewe alikuwa akiyapata mjini Genoa, katika chuo kilichokuwa na mkataba na kile cha Uingereza. Aliposikia kwamba serikali ya Italia haizitambui shahada za namna hiyo, alidai arudishiwe ada yake. Mwaka 2003 Mahakama ile ile iliamua kwamba si halali kukataa shahada halali kwa sababu tu ya mahali masomo yalipofanyikia, bila ya kuchunguza elimu yenyewe.

Msiondoke hapa mkidhani kwamba hukumu hiyo inafunga mikono ya Tume yetu. Ni hukumu ya Ulaya, kwa sheria za Ulaya. Tena kule palikuwa na mkataba wa wazi kati ya vyuo viwili. Tunachoweza kukichukua ni ule mwelekeo wa fikra: chunguza elimu, usichunguze anwani peke yake.

Shauri la tatu ni la majirani zetu Kenya. Wahitimu zaidi ya mia moja wa uhandisi walikataliwa na bodi ya kusajili wahandisi, kwa kuwa kozi waliyosoma haikuwa imeidhinishwa na bodi hiyo. Walikuwa wamesoma chuo kikuu kilichoundwa kisheria. Walianzia Mahakama Kuu, wakapanda Mahakama ya Rufani, wakafika mpaka Mahakama ya Juu, iliyotoa hukumu yake mwaka 2018. Swali lililokuwa katikati ya shauri hilo ni lile la milango: nani mwenye neno la mwisho juu ya ubora wa kozi ya chuo kikuu, chombo cha elimu au bodi ya taaluma? Nasi tunaongeza swali la kibinadamu. Kwa nini vyombo viwili vya nchi moja visielewane kabla ya mtoto kuanza mwaka wa kwanza, mpaka wahitimu wazeeke mahakamani?

5. Ukali wenye haki, na ukali usio na haki

Wapo wanaosema: basi vyeti vyote vikubaliwe, tuache kusumbua watoto. Hatukubaliani nao. Mwaka 2017 uhakiki wa Serikali ulibaini watumishi wa umma 9,932 waliokuwa na vyeti vya kughushi. Fikirini mgonjwa anayechomwa sindano na mtu asiyesoma, au daraja linalojengwa na mhandisi wa karatasi. Anayelinda mlango wa elimu anamlinda maskini, kwa sababu maskini hana uwezo wa kwenda hospitali nyingine.

Vivyo hivyo vyuo dhaifu vinastahili kudhibitiwa. Februari 2016 Tume ya Vyuo Vikuu ilifuta vibali vya vyuo vikuu vishiriki viwili vilivyokuwa Songea, na wanafunzi wakahamishiwa vyuo vingine. Mwaka 2017 vyuo 19 vilizuiwa kudahili wanafunzi wapya mpaka virekebishe kasoro. Hatua kama hizo huuma, lakini mchelea mwana kulia hulia yeye.

Hata hivyo, tunatofautisha mwongo na aliyedanganywa. Aliyeghushi cheti ametenda kosa kwa kujua. Aliyesoma kwa jasho katika tawi lisilo na kibali ametendewa kosa. Kuwaweka wote wawili katika fungu moja, na kuwajibu wote kwa mistari miwili, ni dhuluma. Huyu wa pili anastahili kupimwa, kuelekezwa, na kupewa nafasi ya kukamilisha kinachopungua.

6. Sheria inasema nini kwetu

Katiba ya Jamhuri ya Muungano ya mwaka 1977, katika ibara ya 11, inamtambulia kila mtu haki ya kujielimisha. Ibara ya 22 inasema juu ya haki ya kufanya kazi. Na ibara ya 13, kijifungu cha 6, inataka mtu asikilizwe kwa ukamilifu na apate haki ya kukata rufaa au nafuu nyingine ya kisheria, pale haki zake zinapoamuliwa na mahakama au chombo kingine.

Mtu akiona chombo cha umma kimeamua juu yake bila kumsikiliza, bila mamlaka, au bila sababu, aanze kwa kuandika barua ya kuomba sababu na mapitio ya uamuzi ndani ya chombo chenyewe. Hapo akishindwa, anaweza kwenda Mahakama Kuu kuomba mapitio ya kimahakama. Mahakama haitampa shahada, wala haitakaa mahali pa watahini. Inaweza kuufuta uamuzi mbaya, au kukiamuru chombo kitimize wajibu wake.

Lakini shikeni neno hili: kwa mujibu wa kanuni za mwaka 2014, kwanza huombwa ruhusa ya Mahakama, na maombi hayo hutakiwa kupelekwa ndani ya miezi sita tangu siku ya uamuzi. Ruhusa ikipatikana, maombi yenyewe hufunguliwa ndani ya siku 14. Binti wetu alikuja mwezi wa nane. Kuomba kuongezewa muda kunawezekana, lakini lazima kuwe na sababu za msingi, na kuogopa kumwonyesha baba barua si sababu inayoingia vizuri masikioni mwa Mahakama.

Na anayetaka kuulalamikia uamuzi wa nchi mwanachama kwamba unavunja Mkataba wa Jumuiya ya Afrika Mashariki anaweza kwenda Mahakama ya Afrika Mashariki, Arusha, kwa ibara ya 30 ya Mkataba. Huko muda ni mfupi zaidi: miezi miwili.

Zamani watu wetu walisafiri mpaka Mwanza kutafuta Mahakama Kuu. Leo iko Kanda ya Musoma. Tena Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 imewatambua wasaidizi wa kisheria, ambao humwelekeza mtu asiye na uwezo wa kumlipa wakili. Kwa hiyo, umbali na umaskini visitufunge midomo.

Mataifa nayo yamesogea. Mkataba wa Arusha wa mwaka 1981 juu ya kutambuliana masomo barani Afrika ulifanyiwa marekebisho Addis Ababa mwaka 2014, na mkataba huo mpya ukaanza kutumika Desemba 2019. Mkataba wa dunia nzima, uliopitishwa Paris mwaka 2019, ulianza kutumika Machi 2023. Fundisho kuu la mkataba huo wa dunia ni jepesi kukumbuka: shahada ya mwenzako itambue, isipokuwa umeonyesha tofauti kubwa ya kweli, na kazi ya kuionyesha tofauti hiyo ni yako wewe unayekataa.

7. Na sisi tujihukumu

Ndugu zetu, ingekuwa rahisi kumaliza hapo, tukawanyoshea vidole vyuo na Tume. Lakini mnakumbuka yule wakala aliyemwendea baba wa binti? Mtu yule hakuingia kijijini gizani. Tangazo lake lilisomwa mbele yetu siku ya Jumapili, baada ya ibada, pamoja na matangazo ya ndoa na ya michango. Baadhi yetu tulikuwapo. Hatukuuliza chuo kina kibali gani, wala tawi liko wapi. Baba yule alitueleza baadaye, kwa upole uliotuchoma: "Mimi sikumwamini yule mtu. Niliwaamini ninyi."

Tumeona vema kusema hadharani kwamba hapo tulikosa. Tangu siku ile tumekubaliana kwamba tangazo lolote la chuo halisomwi katika mikutano yetu mpaka mmoja wetu awe amehakikisha kibali chake. Na Kanisa, ambalo lenyewe linamiliki vyuo, tunalitaka lifungue vitabu vyake kwanza: kozi gani ina ithibati, ipi bado, na tawi lipi lina kibali. Mwenye kudai haki kwa wengine aanze na nyumba yake.

Yule binti je? Tulimsaidia kuandika barua tatu. Chuo mama cha nchi jirani kilikiri kwamba tawi lilifunguliwa kabla ya wakati. Kilikubali kuyahesabu masomo ya miaka miwili, na kumtaka arudie mwaka wa tatu katika makao yake makuu, bila kulipa ada ya mafunzo. Nauli, chakula na malazi vilibaki juu ya familia. Baba aliuza ng'ombe mwingine. Haki aliyoipata ni nusu, na imechelewa, lakini safari hii anasoma mahali panapojulikana. Wakala hajaonekana tena.

8. Mambo ya kushika

Mzazi au kijana kabla hajalipa hata shilingi moja, na afanye haya:

Kwanza, aulize Tume ya Vyuo Vikuu kama chuo, kozi na tawi lenyewe vinatambulika. Kwa chuo cha nje, aulize na mamlaka ya nchi hiyo. Apate jibu la maandishi.

Pili, kama anasomea taaluma yenye bodi, aiulize bodi kabla ya kuanza.

Tatu, atunze stakabadhi za ada, barua ya kukubaliwa, nakala ya matokeo na muhtasari wa masomo. Shahada isiyo na muhtasari wa masomo ni vigumu kuilinganisha.

Nne, akikataliwa, aombe sababu kwa maandishi ndani ya wiki hiyo hiyo, na aandike tarehe aliyopokea barua. Asiifungie sandukuni. Majuto ni mjukuu.

Tano, wazazi, tusiwe wakali kiasi cha watoto kutuficha kushindwa kwao. Miezi minane ya binti yule ilipotea kwa hofu kuliko kwa sheria.

Na kwa wenye mamlaka tunaomba jambo moja tu, lisilohitaji fedha: andikeni sababu. Mistari mitano badala ya miwili. Kijana aliyekataliwa kwa sababu anayoielewa anaweza kusimama tena. Aliyekataliwa kwa ukimya hubaki akitapatapa.

Watoto wa Mara wataendelea kuvuka mpaka kwenda kusoma, na wa jirani watakuja kwetu. Hapa Butiama kumewekwa chuo kikuu cha kilimo na teknolojia chenye jina la Mwalimu. Siku moja shahada ya hapa itawekwa mezani kwa mgeni mahali fulani, naye ataigeuza geuza akiuliza imetoka wapi. Tungependa siku hiyo mtoto wetu atendewe vipi? Basi tuanze sisi kumtendea hivyo mtoto wa mwenzetu.



Maswali ya kujadiliana katika jumuiya

1. Je, yupo kijana katika jumuiya yetu ambaye cheti chake kimekataliwa? Amepewa sababu? Tumemsaidia vipi?

2. Kuna tofauti gani kati ya aliyeghushi cheti na aliyedanganywa na chuo? Sisi majirani huwatofautisha?

3. Nani katika jumuiya yetu atapewa kazi ya kuhakikisha vibali vya vyuo kabla ya tangazo kusomwa?

4. Mtoto akikataliwa chuoni, nyumbani kwetu ana mtu wa kumweleza bila kuogopa?

5. Msaidizi wa kisheria aliye karibu nasi ni nani, na tunampata wapi?